Ubao wa 2048 umejaa: kutafuta kosa lilipoanzia

Anayecheza 2048, mchezo wa kuunganisha vigae vya namba hadi kipatikane kigae cha 2048, kwa mara ya kwanza huelewa kanuni zake ndani ya dakika moja, kisha huenda akamaliza wiki nzima bila kukivuka kigae cha 512. Kinachomkwamisha ni hiki: katika mchezo huu kosa na adhabu yake haviji pamoja. Unakosea kwenye hatua ya 200, ubao unakufa kwenye hatua ya 240, nawe unailaumu hatua ya 239. Ukianza mchezo mpya unairekebisha hiyo ya 239, na kosa lenyewe linabaki palepale.

Kwa hiyo hapa tunaanza na dalili unayoiona kwenye skrini, kisha tunarudi nyuma mpaka ilipozaliwa.

Mambo ya kuyajua kabla ya kutafuta kasoro

Ubao una vyumba 16: mistari minne iliyolala na safu nne zilizosimama. Ukitelezesha kidole, vigae vyote vinakimbilia upande huo hadi vigote ukuta au kigae kingine. Viwili vyenye namba sawa vikigongana vinakuwa kimoja chenye namba maradufu. Halafu kigae kipya kinatokea katika chumba chochote kitupu. Mara 9 kati ya 10 ni 2, mara 1 ni 4. Ukitelezesha upande ambao hakuna kinachoweza kusogea, hakuna kigae kipya na hatua hiyo haihesabiki.

Kuna kanuni mbili ndogo ambazo wengi hucheza miezi bila kuzitambua. Ya kwanza: kigae kinaungana mara moja tu kwa kila hatua. Mstari wa 4 4 8 ukiutelezesha kushoto unakuwa 8 8. Haurukii hadi 16. Hiyo 16 inataka hatua nyingine. Ya pili: vikiwa vitatu vinavyofanana, wanaoungana ni wale wawili walio karibu na ukuta unaouendea. Mstari wa 2 2 2 ukienda kushoto unakuwa 4 2, ukienda kulia unakuwa 2 4. Hiyo 4 imetokea kushoto au kulia, na mara nyingi tofauti hiyo ndiyo inayoamua hatua kumi zinazofuata.

Mchezo hauna ngazi zilizopangwa na mtengenezaji. Ngazi ni namba zenyewe: 128, 256, 512, 1024, 2048, na kila moja inagharimu mara mbili ya iliyoitangulia. Jumla ya namba zote ubaoni huongezeka kwa wastani wa 2.2 kila hatua, maana kuungana hakubadilishi jumla, kinachoiongeza ni kigae kipya tu. Kwa hesabu hiyo kufika 1024 ni kazi ya hatua kama 465, na kufika 2048 ni hatua kama 930. Aliyepata 1024 yuko nusu ya safari. Naliweka wazi mapema kwa sababu watu wengi wakiiona 1024 huongeza kasi ya kidole, na hapo ndipo wanapopotezea mchezo.

Katika mifano yote hapa chini nyumbani kwa kigae kikubwa ni kona ya chini kushoto. Ukipendelea kona nyingine geuza maelezo. Hakuna kona iliyo bora kuliko nyingine. Nukta ni chumba kitupu.

Dalili: ubao unajaa ukiwa na 128 au 256 tu

Chanzo ni kimoja karibu kila mara: unatelezesha pande zote nne. Kidole kinafuata jozi inayoonekana, popote ilipo. Kila jozi unayoiunganisha inakupa furaha ya sekunde moja na kukihamisha kigae kikubwa kutoka mahali pake. Baada ya hatua 100 una 64 juu, 64 chini, 32 katikati, na vigae vya 2 vimejibanza kila pengo.

Tiba yake ni kuufunga upande mmoja. Amua kwamba juu hakuendwi. Tumia chini na kushoto kwa kazi ya kila siku, na kulia pale tu panapokuwa salama (usalama wenyewe naueleza kwenye dalili inayofuata). Nidhamu hii peke yake inatosha kumtoa mtu kwenye 256 na kumfikisha 512, mara nyingi 1024, bila kujifunza jambo jingine.

Hapa mwanzoni huhitaji kufikiri sana. Hadi 128 unaweza kwenda haraka: chini, kushoto, chini, kushoto, na kulia ukikwama. Akili iwekee akiba baadaye.

Dalili: kigae kikubwa kinatoka kwenye kona yake

Hii ndiyo kasoro inayostahili muda wako kuliko zote, kwa sababu karibu kila kifo cha ubao kinaanzia hapa. Ina milango mitatu.

Mlango wa kwanza ni kwenda kulia wakati mstari wa chini haujajaa. Tazama:

. . . .
. . . .
8 4 2 .
256 64 16 .

Ukitelezesha kulia, 256 inahama na kona inabaki wazi. Kama ubao una vyumba kumi vitupu, uwezekano wa kigae kipya kuangukia konani ni 1 kati ya 10. Unajiambia ni mdogo, unarudi kushoto, salama. Lakini ukifanya hivyo mara kumi katika mchezo mmoja, usishangae siku moja ukaikuta 2 imekaa kwenye kiti cha mfalme. Kanuni: kulia ni salama mstari wa chini ukiwa umejaa vigae vinne na hakuna majirani wawili wanaofanana. Mstari wa namna hiyo umejifunga. Utelezeshe kushoto au kulia, hausogei.

Mlango wa pili unafanana na huo lakini unajificha zaidi. Mstari wa chini umejaa, hivyo unajiona salama, ila una jozi ndani yake:

256 64 64 16

Ukienda kulia, 64 mbili zinaungana kuelekea kulia na mstari unakuwa . 256 128 16. Kona iko wazi. Ukienda kushoto unapata 256 128 16 na nafasi ya wazi iko upande wa mkia, mahali pasipodhuru. Kila jozi inapotokea mstari wa chini, iunganishe kuelekea nyumbani. Kabla ya kutelezesha kulia, macho yapite mstari wa chini kwanza, kila mara, hata ukiwa na haraka.

Mlango wa tatu ni kulazimishwa kwenda juu:

. . . .
. . . .
. . . .
128 32 8 2

Kushoto hakusogei, kulia hakusogei, chini hakusogei. Imebaki juu. Ukienda juu, vigae vyote vinne vinapanda mstari wa kwanza, na kigae kipya kinaangukia kimoja kati ya vyumba 12 vilivyo chini yake. Vitatu kati ya hivyo viko kwenye safu ya 128. Basi una uwezekano wa 1 kati ya 4 kwamba ukirudi chini, 128 itakalia kichwa cha 2 au 4. Hali hii ikikukuta, nenda juu kisha rudi chini papo hapo. Usitafute kuunganisha chochote katikati.

Bora zaidi ni kuiona kabla haijafika. Mstari wowote wenye kigae japo kimoja na pengo japo moja lazima uweze kusogea kushoto au kulia. Kwa hiyo unalazimishwa kwenda juu pale tu ambapo kila mstari ama umejaa na kujifunga, ama ni mtupu kabisa. Ukiwa unakaribia kuujaza mstari wa pili kutoka chini, na ulio juu yake hauna kitu, punguza mwendo na ujiulize: nikijaza chumba hiki, nitasogea vipi?

Kuna nafasi moja ambapo juu hakuna hatari. Safu ya kona ikiwa imejaa vigae vinne visivyofanana kwa jirani, safu hiyo haipandi wala haishuki. Kigae kikubwa kimeshikiliwa na wenzake. Hapo unaweza kwenda juu, ukaunganisha kilichokwama pembeni, na kushuka tena. Hii ni silaha nzuri sana, na inarudi kwenye dalili inayofuata.

Dalili: 2 imenasa konani, 512 iko pembeni yake

Mlango mmoja kati ya ile mitatu ulishafunguka, na kigae kipya kimeingia. Wengi hapa huanza mchezo mpya. Usifanye hivyo, ubao huu unatibika, na kuutibu kunafundisha kuliko michezo mitano mipya.

Tiba ya kwanza ni kukilisha hicho kidogo. Kiwekee 2 juu yake, shuka, kinakuwa 4. Kiletee 4, kinakuwa 8. Njia hii ni ya polepole, maana ili kimezwe na 512 lazima nacho kifike 512, lakini ubao wenye nafasi unaivumilia. Siipendi sana kwa sababu wakati unakilisha, mnyororo wako mwingine unasubiri.

Tiba ya pili ni kukifungulia mlango kitoke. Chukulia ubao huu:

. 2 . .
. 8 . .
. 32 16 4
2 512 128 64

Angalia safu ya pili: 2, 8, 32, 512. Imejaa na hakuna majirani wanaofanana, kwa hiyo 512 haiwezi kupanda. Sasa telezesha juu:

2 2 16 4
. 8 128 64
. 32 . .
. 512 . .

Ile 2 ya konani imepaa hadi juu, na kona imebaki tupu. Kigae kipya kitaangukia kimoja kati ya vyumba saba. Uwezekano wa kuangukia konani ni 1 kati ya 7. Mara 2 kati ya 7 kitaangukia mstari wa chini upande wa kulia wa 512, nayo ni kero, ila si msiba. Telezesha kushoto (kigae kipya sikionyeshi hapa):

4 16 4 .
8 128 64 .
32 . . .
512 . . .

512 imerudi nyumbani. Na tazama safu ya kwanza: 4, 8, 32, 512, imejaa tena na kujifunga. Telezesha chini:

4 . . .
8 . . .
32 16 4 .
512 128 64 .

Hatua tatu, na ubao uliokuwa umeharibika sasa umepangika kuliko kabla ya ajali. Ijaribu kwenye simu yako polepole. Siri yote ni safu ya kigae kikubwa kujaa kabla hujapanda; ukipanda kabla haijajaa, 512 nayo inapanda na tatizo linakuwa mawili.

Dalili: vigae viwili vinavyofanana haviwezi kukutana

Una 128 kushoto na 128 nyingine kulia kabisa, katikati kuna takataka. Chanzo: wakati fulani uliacha kujenga kutoka upande mmoja, ukaanza kukuza kigae kingine kwenye kona ya pili kwa sababu jozi zilikuwa zinajitokeza huko.

Kosa la pili, linalofuata hilo, ni kumvuta mmoja wao. Mtu huanza kuzungusha ubao mzima ili 128 ya kulia imfikie mwenzake, na katika kuzungusha anavunja kila kitu. Vigae viwili hukutana pale tu ambapo kati yao hapana kitu, kwenye mstari mmoja au safu moja. Basi kazi yako ni kilichopo kati yao. Mstari wa chini ukiwa hivi:

256 32 8 128

acha 128 ikae ilipo. Ilishe 8 kutoka juu: iletee 8, iwe 16, iletee 16, iwe 32. Sasa 32 mbili ziko jirani. Telezesha kushoto, mstari unakuwa 256 64 128. Iletee 64 kutoka juu, inakuwa 128, na jirani yake wa kulia ni 128 pia. Kushoto mara mbili, una 512. Kigae cha kulia hakikuhangaishwa. Kilichokuwa kati ndicho kilichokua hadi kimfikie.

Dalili: alama zinapanda, kigae kikubwa hakikui

Hapa alama zenyewe zinaweza kukupa kipimo. Kila kuungana kunaongeza alama sawa na namba ya kigae kilichozaliwa. Kigae cha 512 kilichojengwa kwa 2 tupu kimekuletea alama 4,096. Cha 256 alama 1,792. Cha 128 alama 768. Cha 1024 alama 9,216. Kila 4 iliyozaliwa badala ya 2 inapunguza alama 4.

Sasa fikiria ubao safi ambao kigae kikubwa ni 512 na kila namba iliyo chini yake ipo mara moja tu, kutoka 256 hadi 2. Ukijumlisha, na ukitoa kidogo kwa ajili ya zile 4, unapata alama zinazokaribia 7,000. Kwa hiyo ukiona umezidi hapo, 1024 haijazaliwa, na hauko katikati ya kuunganisha mfululizo, ubao wako umebeba pacha mahali fulani: 256 mbili, 128 tatu, au kitu cha namna hiyo. Watafute kabla ya kuendelea, kisha rudi dalili iliyotangulia.

Dalili: unafika 1024, hata 512 ya kuifuatia, kisha unakufa

Huyu si mchezaji mbaya. Kona anaitunza, upande mmoja ameufunga. Kinachomwua ni nafasi.

Ili 2048 izaliwe lazima pawepo na wakati ambapo ubao umebeba 1024, 512, 256, 128, 64, 32, 16, 8, 4 na 4 nyingine. Hivyo ni vyumba 10 kati ya 16, hata kama hukukosea popote. Ukijenga kwa 2 mbili mwishoni ni vyumba 11. Umebakiwa na vyumba vitano au sita vya kupumulia. Sasa ongeza uchafu wa vigae vitatu visivyo na mpangilio, na pumzi imeisha. Kwenye 256 uchafu wa vigae vitano ulikuwa unasameheka, hapa hausameheki.

Kwa hiyo mpangilio wa vigae 10 hivyo unahesabiwa sana. Wachezaji huuita nyoka, kwa vile unakwenda kulia, unapanda, unarudi kushoto:

. . . .
4 4 . .
8 16 32 64
1024 512 256 128

Kila kigae kimekaa jirani na kile kitakachokihitaji. 64 iko moja kwa moja juu ya 128, na 4 ya kushoto iko juu ya 8. Angalia inavyofunguka. Kushoto: 4 mbili zinakuwa 8. Chini: 8 inaikuta 8, mstari wa tatu unakuwa 16 16 32 64. Kulia: . 32 32 64. Kulia: . . 64 64. Kulia: . . . 128. Chini: 128 inaikuta 128, mstari wa chini ni 1024 512 256 256. Kushoto: 1024 512 512. Kushoto: 1024 1024. Kushoto: 2048.

Hatua tisa. Vigae vipya tisa vitazaliwa humo humo, lakini ona vinakozaliwa: unapokwenda kulia, mapengo yanafunguka upande wa kushoto wa mstari wa tatu, nyuma ya msafara, unapokwenda kushoto, mapengo yanafunguka mkiani mwa mstari wa chini. Hakuna kinachoweza kujipenyeza kati ya wawili wanaosubiriana. Hiyo ndiyo sababu nyoka anapendwa na wanaocheza kwa muda mrefu.

Makosa mawili huivunja. Moja ni kugeuza mstari wa tatu: badala ya kupanda kutoka kushoto kwenda kulia, unauweka 64 upande wa kushoto, juu ya 1024. Hapo 64 haina kazi. Anayeihitaji ni 128 aliye mbali naye vyumba vitatu. Ukijikuta hivyo, mstari wa tatu ukiwa na pengo na wa chini ukiwa umejifunga, telezesha kulia vigae visogee, na endelea kukikuza kile cha kulia kabisa mpaka kiwe ndicho kikubwa cha mstari.

La pili ni uroho wa jozi kubwa. Una 64 mbili zinazoweza kuungana sasa hivi kwa kwenda juu, na unajua juu hakuendwi, lakini 128 inavutia. Ziache. Jozi kubwa haikimbii. Iliyo hatari ni chumba kinachokaribia kujaa na kigae kidogo kisicho na mwenzake. Shughulikia wadogo kwanza, wakubwa watakusubiri.

Dalili: kigae kipya kinaangukia pabaya kila wakati

Naielewa hisia hii, maana 4 ikitokea mahali ulipoomba 2 inauma kweli. Lakini katika mchezo wa awali chumba huchaguliwa kwa bahati nasibu kati ya vilivyo vitupu. Programu haijui wewe unataka nini. Vyumba vitupu vikiwa kumi, pabaya ni mahali pamoja au pawili. Vyumba vikiwa viwili, pabaya ni nusu ya nafasi zilizobaki. Ukiona bahati imekuwa mbaya ghafla, hesabu vyumba vitupu: mara nyingi utakuta vimepungua chini ya vinne muda mrefu kabla hujaanza kulalamika.

Programu za kompyuta zinazocheza 2048 vizuri hufanya jambo ambalo nawe unaweza kulifanya kwa kiasi. Kabla ya kusogea, zinapima kila mahali kigae kipya kinapoweza kuangukia, kisha zinachagua hatua ambayo kwa wastani inaacha ubao mzuri. Na ubao mzuri kwao ni wenye vyumba vingi vitupu, namba zinazoshuka kwa mpangilio, na kikubwa kikiwa kona au ukingoni. Wewe huwezi kupima yote, ila unaweza kujiuliza swali moja: kigae kikiangukia mahali pabaya kuliko pote, bado nitakuwa na hatua isiyo ya juu? Jibu likiwa hapana, na kuna hatua mbadala, chukua mbadala hata kama haiunganishi kitu.

Dalili: unafuata mbinu hizi na hazifanyi kazi kabisa

Hakikisha mchezo wenyewe ndio huu. Gabriele Cirulli, kijana wa Italia aliyekuwa na miaka 19, aliitoa 2048 Machi 2014 kama mchezo wa kivinjari na kuacha msimbo wake wazi kwa yeyote. Ndiyo maana nakala zimejaa kila mahali: za vyumba 25, zenye kitufe cha kurudisha hatua, zenye zawadi za kufuta vigae. Kwenye ubao wa 5 kwa 5 hesabu ya vyumba niliyoitoa hailingani, na 2048 ni rahisi mno.

Threes!, iliyotoka mwezi mmoja kabla, inafanana kwa sura lakini kanuni ni nyingine: 1 na 2 ndizo zinazozaa 3, na vigae vinasogea chumba kimoja tu kwa hatua, havikimbii hadi ukutani. Ushauri wa nyoka hauhamishiki huko moja kwa moja.

Kitufe cha kurudisha hatua kama kipo kwenye nakala yako, kitumie kwa kujifunza: ubao ukifa, rudi hatua 20 nyuma, tafuta ni wapi mstari wa chini ulifunguka. Ukikitumia kukwepa kila kigae kibaya hutajua kosa lako ni lipi.

Dalili: vigae vinakwenda upande ambao hukuutaka

Hii ni ya kidole na simu. Mchezo hulinganisha kidole kimesogea kiasi gani kwa mlalo na kwa wima, kisha huchagua kilichozidi. Ukitelezesha kwa mshazari, unauachia mchezo uamuzi, na siku mchezo utakapoamua juu, 1024 inatoka konani. Telezesha kifupi na kwa unyoofu, katikati ya ubao. Ukianzia ukingoni mwa skrini simu inaweza kudhani unarudi nyuma. Ukianzia juu kabisa, unashusha arifa. Zima kuzunguka kwa skrini.

Rekodi ikipotea, kwa kawaida ni kwamba unacheza kwenye kivinjari na data zake zimefutwa, au ulifungua dirisha la faragha. Mchezo wa kivinjari huhifadhi alama bora na ubao wako ndani ya kivinjari hichohicho, si mahali pengine.

Dalili: umepata 2048 na hujui ufanye nini

Bonyeza kitufe cha kuendelea. Kwa 4096 kanuni ni zilezile ila vyumba vinavyohitajika wakati mgumu vinakuwa 11 au 12, na kila ngazi inayofuata inakula chumba kimoja zaidi. Hesabu hiyo ndiyo inayoweka dari: kwenye vyumba 16, kigae kikubwa kinachowezekana ni 131072, na hicho kinahitaji 4 izaliwe katika chumba cha mwisho kabisa kilichobaki. Ikizaliwa 2, dari ni 65536.